Na Mimi Nimelipa: Mhadhara Kuhusu Boti za Kuchangia na Pomboo, Uliotolewa Mbeya

Mwenyekiti wa kikao, walimu wenzangu, ndugu zangu wa vikundi vya kuweka na kukopa mliojaza safu za mbele, na wanafunzi mliosimama nyuma kwa kukosa viti, nawasalimu. Nimeombwa kuzungumzia safari ya boti ya kuchangia, ile ambayo watu wasiofahamiana hupanda chombo kimoja alfajiri, wakapelekwa kutazama pomboo, wakazungushwa visiwa viwili vitatu na fungu la mchanga, wakashushwa majini na miwani na bomba la kupumulia ili waone matumbawe, kisha wakala samaki wa kuchoma na kurudi jua likiwa limewababua. Waliokwisha kunisikia wanajua nitafikia wapi, na nawaona wawili pale wameanza kutabasamu. Tabasamuni tu, nitalisema tena.

Kila ninapolisema, mtu huniuliza sisi wa Mbeya, ambao mwezi wa saba tunalala na blanketi mbili, pomboo wanatuhusu nini. Wanatuhusu kwa sababu ninyi ndio mnaokwenda. Kikundi huchanga mwaka mzima, Desemba kikakodi basi, kikamaliza kilomita zaidi ya 800 hadi Dar es Salaam, kikavuka hadi Unguja, na katika siku tatu za kukaa huko siku moja lazima iwe ya pomboo, kwa kuwa bila picha ya pomboo majirani wa Uyole hawataamini kwamba mtu alifika. Kwa hiyo sisi ni abiria, na hoja yangu ya miaka yote ni kwamba mwendo wa boti ile unaamuliwa na abiria, hata kama usukani umeshikwa na mwingine.

Nieleze lililotupata sisi wenyewe. Tulikuwa tisa, tukachanganywa na wageni wengine sita katika boti moja ya faiba iliyoondoka Kizimkazi, kusini mwa Unguja, katika lile eneo la hifadhi ya Ghuba ya Menai lililotangazwa mwaka 1997. Ilikuwa kama saa kumi na mbili na nusu asubuhi, bahari imetulia kiasi cha kumridhisha kila mtu isipokuwa kijana wetu mmoja wa Tukuyu, ambaye ililevya kichwa chake kabla hatujapoteza ufuo machoni, na ambaye kwa muda wote uliofuata aliiona bahari kwa pembe moja tu, yaani akiwa ameinamia ubavuni mwa boti. Tulikwenda kitambo, ndipo baharia wa mbele akanyoosha mkono. Mapezi manne, meusi, yakipanda na kushuka polepole, na katikati yao pezi dogo moja lililokuwa likijitokeza mara mbili kila wenzake wanapojitokeza mara moja.

Hapo ndipo mambo yalipoharibika. Boti yetu iliongeza moto, na kutoka kila upande zikaja nyingine, tatu, sita, hatimaye nikahesabu kumi na moja, zote zikikata njia ya wanyama watano. Nahodha alipofika mbele yao alipiga kelele, "Rukeni! Rukeni!" na watu wakajitupa kama magunia ya viazi yanavyoshushwa kwenye lori pale Mwanjelwa, mmoja juu ya mguu wa mwenzake, miwani ikaenda upande na bomba likajaa maji. Pomboo wakazama. Watu wakavutwa tena ndani wakitweta, boti ikazunguka, pomboo wakaonekana mita mia mbili mbele, na "Rukeni!" ikaanza upya. Tulifanya hivyo mara saba. Mimi niliruka mara mbili, nakiri, na nilichokiona chini ya maji ni kisigino cha mhasibu wa kikundi chetu.

Mara ya saba pezi lile dogo lilitokea karibu nasi kiasi kwamba tulisikia pumzi yake, puu, fupi, na baada ya sekunde chache puu nyingine. Kulikuwa na mama mmoja wa Rungwe kati yetu, mfugaji wa ng'ombe wa maziwa, mtu mzima ambaye hakuwa ameruka hata mara moja wala hakuwa amesema neno tangu tuondoke. Alisimama, akashika nguzo ya turubai, akamwambia nahodha, "Mwanangu, huyu bado ananyonya. Mnamkimbiza wa nini? Zima hiyo mashine."

Nahodha akamjibu kwa adabu, kama watu wa kule walivyo, "Bi mkubwa, watu wamelipa pesa zao wamwone pomboo."

"Na mimi nimelipa," akasema. "Zima."

Akazima.

Sasa ninyi mnataka niwaambie kwamba pomboo walirudi, wakatuzunguka, wakaruka juu na kutupigia makofi. Hawakurudi. Tulikaa kama dakika ishirini tukiyumbishwa, boti zile kumi zikapotea na kelele zake upande wa kusini, vijana wetu wakanung'unika kwamba wamedhulumiwa, na mgongo mmoja tu ulionekana mbali sana, ukapumua mara tatu bila haraka, ukaenda zake. Lakini nahodha, ambaye sasa hakuwa na la kufanya, alianza kuzungumza, na alichosema ndicho kilichonifanya nigeuke mtu wa kusimama mbele za watu na kuwachosha. Alisema kwamba anaujua ubaya wa kuwakimbiza, kwamba mnyama aliyezoea kukimbizwa hujifunza kukwepa boti, lakini asipokimbiza, abiria hushuka wamenuna, hawampi baharia chochote, na kesho wanawatuma wenzao kwa nahodha mwingine. "Tangu nianze kazi hii," alisema, "bi mkubwa huyu ndiye wa kwanza kuniambia nizime."

Yule mama alijuaje? Alijua kwa sababu anafuga. Kila mtu wa Rungwe au Njombe anafahamu kwamba ng'ombe aliyelala anacheua hafanyi uvivu. Anatengeneza maziwa, na mtoto mtukutu akimwinua kila baada ya dakika tano, jioni ndoo itasema. Pomboo naye ni mnyama wa damu moto, anavuta hewa kwa mapafu, anabeba mimba karibu miezi 12, anazaa mtoto mmoja, na humnyonyesha zaidi ya mwaka, kwa hiyo hana watoto wa kupoteza. Hata usingizi wake ni wa nusu nusu, kwani upande mmoja wa ubongo hulala na mwingine ukabaki macho ili akumbuke kupanda juu kupumua. Watafiti waliowafuatilia pomboo wa Kizimkazi walionyesha kwamba boti zinapokuwapo, wanyama hawa hupunguza muda wa kupumzika na kutumia muda mwingi zaidi kuhama huku na huko. Ongezeni kelele: sauti majini husafiri kwa kasi ya mita kama 1,500 kwa sekunde, zaidi ya mara nne ya kasi yake hewani, na pomboo hutafuta chakula na kutafutana kwa sauti. Injini kumi na moja juu ya kichwa chake ni sawa na mashine kumi na moja za kusaga mahindi zikiwashwa katika chumba ambamo mama anamwita mtoto wake.

Naona mkono wa mzee pale, na najua atasema kwamba zamani watu wa kule waliwaua pomboo wakawafanya chambo cha kuvulia papa, na kwamba utalii ulioanza miaka ya mwanzo ya 1990 ndio uliowaokoa, basi tunalalamika nini. Ni kweli, mzee wangu, na siupingi utalii huo. Lakini mtu aliyeacha kuchinja ng'ombe wake ili amkamue hapewi ruhusa ya kumkamua mpaka damu.

Wengine watasema dawa ni kukodi boti ya peke yako. Hapana, na hapa ndipo ninapogombana na wenye fedha. Watu kumi na watano katika boti moja ni injini moja. Watu hao hao wakijigawa kwa ufahari katika boti tano ni injini tano juu ya pezi lile lile dogo. Boti ya kuchangia ndiyo boti nzuri, ila ina ugonjwa wake, nao ni kwamba kila abiria hudhani uamuzi ni wa mwingine. Ugonjwa huo hutibiwa ufuoni kabla kamba haijafunguliwa. Mwambieni nahodha, wote mkisikia, kwamba mkikuta boti tatu tayari ziko hapo mtasubiri mbali, kwamba atapunguza mwendo mapema, hatawakaribia chini ya mita 50, na atakwenda sambamba nao bila kuwakata njia, kwamba hakuna atakayeruka juu yao, na kwamba baharia atapata chake hata pomboo wasipoonekana kabisa. Hili la mwisho msilisahau, kwa maana ndilo linalozima injini. Boti tatu na mita 50 sikuzitunga mimi. Zimo katika mwongozo wa Australia, na bahari ya Australia haina pomboo wa heshima zaidi kuliko wa kwetu. Mnaokwenda Ruaha mnajua kwamba hakuna mwongozaji anayemshusha mgeni garini na kumwambia, "Ruka, mkimbilie simba!" Tofauti ni kwamba simba ana njia ya kujibu.

Mwenyekiti amenitumia kikaratasi. Nitaharakisha, ingawa nilikuwa na mengi kuhusu matumbawe. Tumbawe ni kundi la wanyama wadogo waliojenga nyumba ya chokaa, na aina nyingi za yale makubwa ya mviringo hukua kama sentimita moja tu kwa mwaka. Ukisimama juu yake kurekebisha miwani, umekanyaga umri wa babu yako. Asiyejua kuogelea avae boya na kubaki nalo, asione aibu, sisi tumekulia milimani. Kile kiti cha pweza chekundu, mnyama wa bahari mwenye umbo la nyota, mnachokipanga juu ya fungu la mchanga kwa ajili ya picha hupumua majini, si hewani, kwa hiyo kiacheni. Msilalamike boti ikichelewa au ikiwahi, maana maji ya kule hujaa na kupwa mara mbili kwa siku, na wakati wa bamvua, yaani mwezi unapoandama au unapokuwa mpevu, tofauti hufikia karibu mita 4, kwa hiyo saa ya kuondoka hupangwa na mwezi na haimsubiri mwenye ratiba.

Kikaratasi cha pili. Nilikusudia kumalizia na Matema, kwa sababu watu wa Kyela hunilaumu kwamba nawasifia bahari wakati Ziwa Nyasa liko mlangoni. Wana haki. Pomboo hakuna, lakini chini ya milima ya Livingstone, kwenye mawe, kuna samaki wadogo wa bluu na njano ambao spishi zao nyingi hazipatikani popote duniani nje ya ziwa lile, na wengi wao hutunza mayai na vifaranga kinywani. Miwani ile ile ya Kizimkazi inatosha, na maji hayaumi macho kwa chumvi. Waulizeni wenyeji kwanza wapi kuna mamba na wapi kuna kichocho.

Kijana wa nyuma, mwenye sweta la kijani, mkono wako uko juu tangu nilipomtaja nahodha. Uliza.