Barabara Ndo Iliifuata Chumvi: Mazungumzo Kuhusu Njia Panda ya Uvinza

Mwakeye! Wazee wangu shikamooni, vijana habari zenu, na nyie mliosimama hapo mlangoni ingieni bwana, viti vipo huku mbele. Nimeambiwa niongelee historia ya Uvinza, huku kwetu mkoa wa Kigoma, na aliyenialika akaniambia nieleze jinsi reli ilivyouleta mji. Sasa naanza kwa kumbishia mwenyeji wangu. Reli haikuleta mji. Reli imefika Kigoma 1914, na hapo Uvinza watu walikuwa wanapika chumvi tangu karne ya 5 au ya 6, sasa nani kamkuta mwenzake?

Naijuaje hiyo karne ya 5? Mwaka 1967 walikuja wataalamu wawili, John Sutton na Andrew Roberts, wakachimba kwenye zile chemchem za maji ya chumvi jirani na pale mto Ruchugi unapoingia mto Malagarasi. Walichokuta ni vigae juu ya vigae, majivu, mkaa, majiko, tabaka kwa tabaka, manake kila kizazi kilikuja kikapika kikavunja vyungu vyake kikaondoka. Mkaa wakaupeleka maabara kupima umri ndo wakapata hayo majibu. Hiyo ni zaidi ya miaka 1,000 kabla Mjerumani hajajua kama kuna mto unaitwa Malagarasi.

Na kazi yenyewe ilikuwa hivi. Masika hupiki, mto unajaa, chemchem zinaingiliwa na maji baridi, ukichemsha unamaliza kuni bure. Mvua zikikata ndo watu wanamiminika, Waha kutoka kaskazini, Watongwe kutoka kusini, Wanyamwezi nao kutoka mashariki, wanajenga vibanda vya msimu, wanakata kuni, wanachota maji ya chumvi na kuyachemsha kwenye vyungu mpaka yakauke. Kila mtu anajua mwenye chemchem ni nani, manake watawala wa Kivinza waliigawana ile neema na ukipika sharti uache fungu lao, na hulipi hela, unalipa chumvi ile ile uliyoitolea jasho. Nyingine inabadilishwa kwa majembe, mbuzi, mawese ya huku ziwani. Kwa hiyo kabla ya mtu yeyote kuchora barabara kwenye ramani tayari kulikuwa na vijia kutoka kila upande vinaishia kwenye chungu cha chumvi. Mimi njia panda naianzia hapo, wengine wanaianzia stesheni, shauri yao.

Alafu ikaja biashara ya misafara, pembe za ndovu na, tusifiche, watumwa. Njia kubwa ni ya Tabora kwenda Ujiji na katikati unakutana na Malagarasi, mto ambao hauvuki kwa kukunja suruali. Wapelelezi wa Kiingereza Richard Burton na John Speke wamepita hapo mwezi wa 2 mwaka 1858, siku chache kabla ya kuliona ziwa Tanganyika. Burton anaeleza kwamba mtawala wa Uvinza ni Mzogera, lazima umlipe hongo, yaani ushuru wa kupita nchini kwake, ukishamalizana naye unakutana na mwenye kivuko, Mutware, naye anataka chake, vitambaa na vikuku vya shaba vya kuvaa mkononi, ndo unapandishwa mtumbwi wa gome la mti. Wazungu wanalalamika kwenye maandishi yao kwamba wanaibiwa. Mi nasema hapana, hapo nawatetea babu zetu, ile ilikuwa ushuru kama ushuru mwingine wowote, hata leo ukipita geti la mazao bila kulipa uone.

Henry Morton Stanley, yule mwandishi wa gazeti aliyetumwa kumtafuta mpelelezi Livingstone, ndo ananifurahisha. Mwaka 1871 Mirambo, mtemi wa Kinyamwezi, yuko vitani na Waarabu wa Tabora, njia ya moja kwa moja kwenda Ujiji imefungwa, Stanley akaamua kuzunguka kusini kabisa, akatembea porini wiki na wiki, alafu ilibidi apande tena kaskazini na akatokea wapi? Malagarasi, Uvinza, kwenye hongo ile ile! Umeikwepa vita ya Mirambo lakini kivuko hukikwepi. Na pale mtoni mamba akamkamata punda wake mmoja shingoni akazama naye, na punda mwenyewe jina lake alikuwa anaitwa Simba. (Cheka tu mama, hata mimi nacheka.) Hapo akatoroka usiku usiku kupitia Buha, nchi ya Waha, asilipe hongo zaidi, mwezi wa 11 akamkuta Livingstone Ujiji.

Kipindi cha Mjerumani napita haraka. Mwanzoni mwa miaka ya 1900 kampuni ya kijerumani ilianzisha kiwanda cha chumvi pale wakakiita Gottorp, na hapo ndo mambo yakabadilika kwa yule mpishi wa msimu, chemchem ikawa mali ya kampuni na yeye akawa kibarua. Hili halisemwi sana. Reli ikatoka Tabora 1912 ikafika Kigoma 1914, chumvi ikapanda behewa. Ikaja Vita ya Kwanza ya Dunia, Mbelgiji akaiteka Kigoma mwezi wa 7 na Tabora mwezi wa 9, 1916, Mwingereza akapokea huku kwetu 1921, chumvi ikaendelea kutoka. Misitu jirani ililiwa na majiko kwa muda mrefu sana, siku hizi maji yanaanikwa juani kwenye mabwawa.

Baada ya uhuru kuna Operesheni Kigoma ya 1972, watu wakatolewa walikokuwa wametawanyika wakapangwa vijiji kando ya barabara. Wazee mliomo humu mnaijua kuliko mimi, wengine mlibeba mlango wa nyumba kichwani. Ilifanya vijiji vya njiani vikue ghafla lakini kuna watu waliachishwa mashamba ya mihogo yaliyokuwa yamekomaa, na hayo machungu bado yapo, tusijifanye.

Leo ukisimama Uvinza una reli, una barabara ya Kigoma, ya Kasulu, ya Mpanda, na upande wa Tabora unavuka Malagarasi kwa daraja la Kikwete lililojengwa kwa mkopo wa Korea Kusini, hakuna Mutware wala mtumbwi. Tangu 2012 ni wilaya, zamani tulikuwa Kigoma Vijijini. Na sasa inakuja SGR, ile reli mpya ya kisasa, mkataba wa Tabora hadi Kigoma ulisainiwa mwezi wa 12 mwaka 2022, kilomita 506, alafu mwezi wa 1 mwaka 2025 ukasainiwa mwingine wa kutoka Uvinza kwenda Musongati, Burundi, kwenye nikeli. Kwa hiyo safari hii njia panda inaletwa na madini ya jirani.

Ninachowaomba viongozi wa wilaya mliopo hapa, kabla matrekta hayajaanza kusawazisha, zile sehemu zenye vigae zijulikane na ziwekewe mipaka, manake mwaka 1967 hawakuchimba kote. Na vijana mnaonunua viwanja kwa haraka haraka, ulizeni kwanza reli inapita wapi.

Haya, maswali. Mzee wa kofia nyeusi umeinua mkono muda mrefu, karibu.