Bega Langu Limetokea Kwenye TV ya Uingereza

Haya wanangu, nipo Manchester, saa nne usiku naingia zamu, kwa hiyo naongea chapchap. Mmenijazia meseji: "Eti siku hizi unaigiza?" Naigiza ndiyo. Bega.

Ni tamthilia ya mahakamani. Mimi nilikuwa kwenye ile safu ya nyuma, wale wanaokuja kusikiliza kesi. Tumefika alfajiri, tumewekwa kwenye hema na chai, na tukiingia tunaambiwa: nong'onezaneni, ila sauti isitoke. Basi mnachezesha midomo kama samaki. Mimi nikawa namhesabia mama wa pembeni madeni yangu yote kwa Kiswahili, midomo tu, na yeye anatikisa kichwa kwa huzuni kabisa! Na aliyeuliza kama jaji wetu aligonga nyundo mezani: jaji wa Uingereza hagongi nyundo, hayo mambo ya Marekani.

Sasa sikieni hii. Hapahapa Manchester, kampuni ya TV ya Granada walikuwa wanarekodi tamthilia ya mahakamani, Crown Court, ilianza 1972 ikaenda hadi 1984, ikirushwa mchana. Jaji mwigizaji, mawakili waigizaji, mshtakiwa mwigizaji. Lakini lile baraza la watu 12 wanaoamua kesi (sisi Tanzania hatuna, tumezoea wazee wa baraza wanaomshauri jaji) walikuwa raia wa kawaida, wamechukuliwa kwenye daftari la wapiga kura. Na uamuzi ulikuwa wao kweli! Waigizaji wamefanya mazoezi ya miisho miwili, ana hatia na hana hatia, halafu wanakaa kusubiri. Hebu fikiria, umekariri maneno yako yote, hatima yako anayo fundi bomba ambaye hasemi hata neno moja. Wa kusimama kutamka uamuzi ndiye mara nyingi alikuwa mwigizaji, maana ukishafungua mdomo, chama cha waigizaji kinakuhusu.

Mwigizaji Ben Kingsley naye alipita humo, kabla ya Oscar ya filamu ya Gandhi. Wazanzibari mpo? Babu yake alikuwa mfanyabiashara wa viungo vya chakula huko kwenu.

Mimi sasa. Siku nzima, sekunde mbili, na mbele yangu kuna wakili ana wigi kubwa. Tuliambiwa tuje na nguo zetu. Jana mama kapiga simu, hata salamu hakuna: "Hilo shati si la harusi ya dada yako?"

Ndilo, mama.