Kibarua wa kaunti akiambiwa "kesho usije"

Ndugu zangu, akina mama na akina baba mnaofagia barabara, mnaozoa taka na kusafisha wodi za hospitali za kaunti, wengi wenu mmeambiwa hivi: "Wewe unalipwa kwa siku, huna haki yoyote hapa." Huo si ukweli.

Sheria ya Ajira ya Kenya ya mwaka 2007 inasema kibarua ni mtu anayelipwa kila siku ikiisha, na haandikwi kazi kwa zaidi ya saa 24 kwa mara moja. Sasa wewe uliyefagia barabara ileile miaka minne, ni kibarua gani? Kifungu cha 37 kinasema ukifanya kazi mfululizo kwa siku zinazofika mwezi, au ukipewa kazi isiyoweza kumalizika kabla ya miezi mitatu, ajira yako inahesabiwa kuwa ya mwezi. Kuanzia hapo unastahili notisi ya maandishi ya siku 28, uelezwe sababu, na usikilizwe kabla hujaachishwa.

Wasimamizi wengine hushika Jumapili: "Ulipumzika, kwa hiyo hukufanya mfululizo." Kifungu hichohicho kinakupa siku moja ya mapumziko yenye malipo baada ya kila siku sita, na siku hiyo, pamoja na sikukuu za umma, inaingia kwenye hesabu.

Lakini anayewaahidi kwamba kesi itawapa kazi ya kudumu na pensheni anawapotosha, na inaniuma kuona watu wakichangishwa pesa kwa ahadi hiyo. Nafasi za kudumu hupitia Bodi ya Utumishi wa Umma ya Kaunti. Mkishinda, mnachoweza kutarajia ni malipo ya notisi, likizo mliyonyimwa, na fidia isiyozidi mshahara wa miezi 12.

Ushahidi ndio mahali kesi nyingi huanguka. Piga picha ukurasa wa daftari la mahudhurio wenye jina lako. Tunza zile jumbe za M-Pesa za mshahara. Ukibadilisha simu, omba taarifa ya akaunti mapema. Kumbukumbu za ajira ni jukumu la mwajiri, naye ndiye anayepaswa kuzileta mahakamani. Lakini kama ulikuwa ukilipwa kupitia namba ya jirani, utahitaji shahidi.

Msikae na kinyongo nyumbani. Mna miaka mitatu tu ya kufika Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, na mazungumzo na bosi hayasimamishi muda huo.

Jambo la mwisho, ambalo mawakili hulisahau kuwaambia: mali ya serikali, hata ya kaunti, haikamatwi na dalali ili mlipwe. Mkishinda, ombeni mahakama cheti cha amri, yaani hati inayoonyesha kiasi mnachopaswa kulipwa, mkipeleke kwa kaunti. Ikikaa kimya, mnarudi kuomba amri ya kumlazimisha afisa mhusika alipe, na akikaidi anaweza kushtakiwa kwa kudharau mahakama.