Bonspiel: Nilimpa Mzee wa Watu Pole ya Bure

Samahani, upepo huo. Ngoja nigeukie huku. Mnanisikia sasa? Haya.

Hamjambo ndugu zangu huko nyumbani. Ziwa mnaloliona nyuma yangu linaitwa Lake of Menteith, lipo Uskoti, na leo nimelifuata kwa sababu ya neno moja. Nimeliandika kwenye kadi, nalisogeza karibu na kamera mlione: b-o-n-s-p-i-e-l. Bonspiel. Mkazo uko mwanzoni, BON-spil. Mimi kwenye video hii nitalimalizia kwa irabu, bonspili, kwa sababu ulimi wangu haupendi kuachwa unaning'inia kwenye "l".

Nililisikia kwa mara ya kwanza kazini. Kuna mzee tunafanya naye kazi, amebakiza miezi michache astaafu. Ijumaa moja ya Januari nikamwomba anishikie zamu ya kesho yake. Akasema hawezi, ana bonspili, atashinda huko kutwa nzima, na Jumapili mgongo hautanyanyuka kitandani. Sasa mimi Kiingereza changu nilikipata darasani, na neno hilo mwalimu hakulifundisha. Nikajumlisha: kutwa nzima, mgongo, jina gumu. Nikajua ni upasuaji. Nikamshika bega, nikampa pole ya dhati, nikamwambia madaktari wa siku hizi wanajua kazi yao, atatoka salama. Mzee akanitazama. Halafu akacheka mpaka akavua miwani kufuta machozi.

Bonspili ni mashindano ya kalingi. Kalingi mnaijua, ila hamjui kama mnaijua. Ni ule mchezo wa Olimpiki ya majira ya baridi ambao mtu anachuchumaa, anaachia jiwe lenye mpini juu yake, jiwe linateleza taratibu kwenye barafu, na wenzake wawili wanalitangulia wakisugua chini kwa mafagio kama watu waliosikia wageni wanapiga hodi. Timu ni watu wanne, kila mmoja ana mawe mawili, na shabaha ni duara lililochorwa mwisho wa uwanja, linaloitwa nyumba. Mawe 16 yakiisha kwenda, unahesabu ya nani yako karibu zaidi na kitovu cha nyumba. Kisha mnageuka, mnaanza upya mkielekea upande wa pili.

Baada ya kile kituko cha pole, mzee akaamua kunipeleka nikaone mwenyewe. Ukumbi wa ndani, baridi kama friji. Kabla hawajaanza, mtu mmoja akapita na tangi mgongoni, lile mfano wa tangi la kupulizia dawa shambani, akinyunyiza matone ya maji juu ya barafu. Nikadhani anasafisha. Kumbe anaipanda barafu vipele. Matone yanaganda palepale, na jiwe linasafiri juu ya vile vipele, si juu ya barafu tambarare. Jiwe lenyewe chini limebonyea katikati, kinachogusa ni ukingo mwembamba tu wa mviringo. Likipita linanguruma, sauti nzito ya chini chini, mithili ya meza inayoburutwa chumba cha jirani. Waskoti tangu zamani wanauita mchezo huu "mchezo unaonguruma", na mpaka ulisikie jiwe lenyewe huwezi kujua kwa nini.

Wakanivalisha kiatu kimoja chenye soli ya kuteleza, mguu wa kushoto. Hapo ndipo nilipojifunza kwamba miguu miwili ikipewa maagizo tofauti, mwili unachagua la tatu. Nilianguka ubavu kabla hata sijagusa jiwe. Mara ya pili nikachuchumaa vizuri, mguu wa kulia kwenye kile kizuizi cha kujisukumia, mkono kwenye mpini. Jiwe la kalingi lina uzito wa karibu kilo 20, graniti tupu, na yale ya Olimpiki asili yake ni kisiwa kidogo kinachoitwa Ailsa Craig, karibu na pwani ya kusini magharibi ya Uskoti. Nikasukuma kwa nguvu zangu zote nilizojaliwa. Likaenda, likaenda, likachoka kabla ya mstari. Jiwe lisilovuka mstari huo linaitwa "hog", yaani nguruwe, na linaondolewa uwanjani. Mzee akapaza sauti ukumbi mzima: nguruwe! Nikaona watu wanatabasamu. Sikujua kama anamaanisha jiwe au mimi.

Na yale mafagio, kwa wale mnaoyacheka: yana kazi. Ukisugua, msuguano unapasha barafu joto kidogo sana pale mbele ya jiwe, na jiwe linafika mbali zaidi, tena halipindi sana. Nimefagia mara mbili tu, mabega yalilalamika siku tatu.

Turudi kwenye neno. Nimesema bonspili ni mashindano, lakini ukiniuliza kama hiyo ndiyo tafsiri sahihi, nitakwambia hapana, imepungua. Timu ikishinda dhahabu ya Olimpiki, kama Eve Muirhead na wenzake wa hapa Uskoti walivyofanya Beijing mwaka 2022, hakuna atakayekwambia wameshinda bonspili. Ile ni Olimpiki. Ubingwa wa dunia nao ni ubingwa wa dunia. Bonspili ni pale klabu moja inapoalika klabu nyingine, mnakusanyika toka asubuhi, mnacheza mechi fupi fupi, mnakula pamoja, mnacheza tena, na jioni kuna kikombe kidogo ambacho kesho yake hakuna anayekumbuka nani alikibeba. Mshindi ndiye anayemnunulia kinywaji aliyeshindwa, hiyo ni desturi ya kalingi. Sasa kwetu neno la siku ya namna hiyo lipo, tena tunalitumia kila wikiendi: bonanza. Bonspili ni bonanza la kalingi. Hata mwanzo wa maneno unafanana, ingawa si ndugu kabisa, bonanza linatoka Kihispania. Nilipomweleza mzee kwamba kwa Kiswahili bonspili yake ni bonanza, akalirudia mara tatu. Siku hizi akiwa anaenda kucheza ananiambia "bonanza" kwa fahari, kama vile amemaliza kozi ya lugha.

Neno lenyewe limetoka wapi? Mtu wa kwanza kukujibu hapa atakwambia "bon" ni Kifaransa, nzuri, na "spiel" ni Kijerumani, mchezo. Kwa hiyo mchezo mzuri. Inapendeza sana, na ndiyo maana siiamini. Kamusi za Kiskoti zinalifuatilia neno hili hadi karne ya 16, na wataalamu wanaelekeza zaidi Uholanzi na jirani zake, kwenye neno la kundi au muungano likiambatana na neno la mchezo: mchezo wa pande mbili zilizojiunga. Kilichonishangaza zaidi ni kwamba zamani halikuwa la kalingi peke yake. Watu waliitana kwenye bonspili ya kulenga mishale pia. Likapungua, likapungua, mpaka likabaki kwenye barafu tu. Leo ukisema bonspili ya mpira wa miguu watakutazama kama mzee alivyonitazama mimi.

Wakanada nao wamelichukua na kulikatakata. Waskoti walihamia kule na mawe yao. Klabu ya kalingi ya Montreal ilianzishwa mwaka 1807. Kule mtu anasema tu "spiel", naenda spiel. Angalieni hapo msije mkaanguka: kwenye Kiingereza cha kawaida "spiel" ni yale maelezo marefu ya mchuuzi anayekubembeleza ununue. Mkanada akikwambia ana spiel Jumamosi hauzi kitu, anakwenda kusukuma mawe. Halafu wakakipandikiza kile kipande cha mwisho kwenye maneno mengine. Kuna "funspiel", ya kufurahi tu. Kuna "carspiel", bonspili ambayo zawadi yake ni gari. Mji wa Nipawin, jimbo la Saskatchewan, uliandaa ya namna hiyo mwaka 1947, zawadi magari mapya. Neno likishafika hatua ya kuzaa watoto hivyo, ujue limepata makazi.

Kwa Kiswahili mimi nimeliweka kwenye ngeli ya I-ZI. Bonspili imeahirishwa, bonspili zimeahirishwa. Anayetaka kusema mabonspili shauri yake, mimi naona yanagongana mdomoni.

Imeahirishwa. Kitenzi hicho nimekichagua makusudi, ndicho kilichonileta ziwani.

Kuna bonspili, na kuna Bonspili yenyewe, kwa herufi kubwa. Mzee wa makamo wa Kiskoti akisema "the Bonspiel" bila kuongeza kitu, mara nyingi anamaanisha ile moja tu, ambayo jina lake rasmi ni Grand Match. Inaandaliwa na chama kikuu cha kalingi cha hapa, kilichoanzishwa mwaka 1838. Kaskazini ya Uskoti dhidi ya Kusini, nje, juu ya ziwa lililoganda lenyewe. Ya kwanza ilikuwa Penicuik mwaka 1847. Baadaye wakawa na ziwa lao la Carsebreck, walilolitumia kuanzia mwaka 1853 hadi 1935, na reli ikawawekea kituo pale pale. Kituo cha treni cha watu wenye mawe na mafagio! Nimetafuta mfano wake nikakosa.

Ugumu ni kwamba Bonspili hiyo haina tarehe. Huwezi kuiweka kwenye kalenda. Inasubiri baridi kali ifululize, barafu iwe nene ya kubeba watu, ndipo taarifa inatoka, na watu wanaacha walichokuwa wanafanya. Na si watu wachache. Mara ya mwisho walifika zaidi ya 2,000. Fanyeni hesabu: kila mchezaji mawe mawili, kila jiwe karibu kilo 20, hayo mawe peke yake ni kama tani 80 zimetandazwa juu ya maji. Hapo hujawapima wenye mawe.

Mara hiyo ya mwisho ilikuwa Februari 1979. Mahali ni hapa. Maji haya mnayoyaona yanachezacheza nyuma yangu. Kabla ya hapo ilikuwa mwaka 1963, kwenye ziwa jingine la Uskoti, Loch Leven. Mwaka 2010 ziwa liliganda vizuri mno, watu wakaanza kunong'ona, lakini waandaaji wakaifuta kwa sababu za usalama. Watu wakaja hivyo hivyo, wakachora nyumba zao kwenye barafu wakacheza, lakini hiyo haihesabiki. Haikuwa Bonspili.

Mzee alikuwepo mwaka 1979, kijana wa miaka kumi na tisa. Nilimuuliza nani alishinda. Hakumbuki! Anakumbuka baba yake alimwamsha usiku bado kiza, bila maelezo, neno hilo moja tu mlangoni, naye akaruka kitandani. Anakumbuka barafu ikilia, krr, krr, kila watu wengi walipokusanyika upande mmoja, na watu wakitawanyika bila kuambiwa. Anakumbuka alivaa soksi tatu na vidole havikusikia kitu mpaka jioni.

Tangu hapo neno hilo analitumia kila wikiendi kwenye kumbi za ndani, na halimtoshi. Hilo nimelielewa kwa kumtazama. Akisema "nina bonspili" anasema haraka, huku anatafuta funguo za gari. Akisema "Bonspili" ile nyingine anaanza kwa kutazama dirishani, anaangalia mbingu ikoje. Neno ni lile lile, herufi ni zile zile kwenye kadi yangu.

Amekuja nami leo, yuko kule, yule mwenye kofia ya bluu, hataki kuonekana karibu. Wiki hii kulikuwa na jalidi siku nne mfululizo, akanipigia simu alfajiri kwamba twende tukaangalie tu. Kwenye buti ya gari ameweka mawe yake mawili na fagio. Nikamuuliza fagio la nini kama tunakwenda kuangalia tu. Hakujibu.

Ukingoni pale kuna utando wa barafu, kama kioo cha saa, unaona majani chini yake. Sasa ameokota kokoto. Ngoja nivute kamera... haya, mnamwona? Anarusha.

Chubwi.

Mmesikia. Anarudi. Nazima kamera kabla hajafika, maana akifika hivi huwa hataki kuongea mpaka apate chai.