Swichi ya Waipa Haina Hatia Mpaka Ipimwe

Asanteni, kaeni. Walio nyuma sogeeni mbele, sauti yangu si ya mnadani. Nimepewa saa moja nizungumzie swichi ya waipa, na mnaonijua mnajua tayari ninakoelekea, kwa hiyo sitawachosha kwa kueleza fyuzi ni nini na mota iko wapi. Nina ugomvi na tabia moja tu, nayo ni ya kuhukumu swichi kwa macho.

Gari linaingia, mwenyewe anasema waipa hazifanyi kazi. Fundi anachezesha swichi juu, chini, juu, anaguna, kisha anatoa hukumu: "Swichi imekufa, kalete nyingine." Kapima nini? Hajapima kitu. Na ubaya wenyewe ni kwamba mara nyingine anapatia! Ndiyo maana tabia hii haifi. Angekuwa anakosea kila siku angeshaacha. Mary Anderson alipopewa hataza ya waipa yake kule Marekani mwaka 1903, dereva aliivuta kwa wenzo kutoka ndani ya gari. Heri wao, hawakuwa na swichi ya kusingizia.

Haya. Kabla hujagusa bisibisi, uliza ni nafasi ipi imekataa. Kama zote zimekataa, ya polepole, ya haraka na ile ya kupangusa kwa kusitasita, swichi iweke mwisho wa foleni. Kila nafasi mle ndani ina kontakti zake, vibati vinavyogusana ili umeme upite, na kontakti zote kufa asubuhi moja ni nadra. Tafuta mahali ambapo njia ya umeme ni moja kwa nafasi zote: fyuzi, waya unaoleta umeme kwenye swichi, ethi ya mota (njia ya umeme kurudi kwenye betri), au mota yenyewe. Rusha maji kwenye kioo. Katika magari mengi pampu ya maji na waipa zinakula fyuzi moja, kwa hiyo maji yakiruka ujue umeme umefika kwenye swichi. Nimesema mengi, sikusema yote, msije kesho mkaninukuu vibaya. Mchoro wa waya wa gari husika ndio wenye neno la mwisho.

Kama mwendo mmoja umekufa na mwingine uko hai, hapo swichi inaingia kweli kwenye orodha, lakini haiko peke yake. Mota ya kawaida ya waipa ina kaboni tatu, vile vipande vinavyosugua na kuingiza umeme kwenye kiini kinachozunguka: moja ya pamoja, moja ya mwendo wa polepole, na ya tatu ya mwendo wa haraka, iliyowekwa kando kidogo ya nafasi ya kawaida. Kaboni ya polepole ikiisha, ya haraka itaendelea kuzungusha mota vizuri tu. Dereva anaona kitu kilekile ambacho angeona kama kontakti ya polepole kwenye swichi ingekuwa imeungua. Utazitofautishaje kwa macho? Huwezi. Utapima. Na sasa tumefika ninapotaka tukae.

Kuna kijana mmoja, fundi mzuri, mikono yake misafi na kazi yake haina malalamiko. Aliletewa gari ambalo waipa zilikuwa zinajikokota. Ziko hai, lakini zinapanda kioo kwa shida na zinashuka kwa shida. Akachomoa plagi ya mota, akaweka mita kwenye plagi, akawasha swichi. Volti 12.6. Akasema umeme unafika, swichi haina neno, mota ndiyo mbovu. Ikaletwa mota mpya. Akafunga, akawasha, zikajikokota vilevile. Akachomoa plagi, akapima tena, 12.6 tena. Basi, akasema, hii mota mpya ni feki. Msicheke, nusu yenu mngesema hivyo hivyo. Ikaletwa ya pili, na ya pili nayo ikajikokota.

Gari lilipofika kwangu nilimwomba afanye jambo moja tu. Rudisha plagi kwenye mota. Chomeka ncha ya mita kwa nyuma ya plagi, pale waya unapoingilia, halafu mwagia kioo maji, washa, na usome mita wakati mota inahangaika kuzunguka. Mita ikasoma volti 7 na kidogo. Akaigonga mita. Kweli, aliigonga na kidole, akidhani imekwama! Tukarudi nyuma na waya hatua kwa hatua, mota ikiendelea kuzunguka. Waya unaotoka kwenye swichi, 7 na kidogo. Waya unaoingia kwenye swichi, 12. Volti karibu 5 zilikuwa zinaingia kwenye ile plastiki chini ya usukani na hazitoki. Tukaifungua. Kibati cha shaba cha mwendo wa polepole kilikuwa cheusi, plastiki iliyokishikilia imelegea kwa joto na kuzama, na springi iliyopaswa kukikandamiza haina tena inachokandamiza. Kontakti mbili zimegusana kwa ncha tu.

Kwa hiyo mwaona, swichi inafungwa bila hatia, na vilevile inaachiwa huru ikiwa na hatia. Kosa ni lilelile. Mita yake haikudanganya, ilijibu alichouliza. Mita ya kawaida ya kidijitali ina ukinzani wa ndani, yaani kizuizi chake kwa umeme, wa takriban omu milioni 10. Ukiiunganisha peke yake, umeme unaopita ni mdogo kiasi kwamba hata uzi mmoja wa shaba uliobaki kwenye waya uliokatika utaupitisha bila taabu, na mita itasoma volti zote. Mota inataka ampea kadhaa. Sasa chukueni hesabu hii, nayo si ngumu: ampea 4 zikipita kwenye kontakti yenye ukinzani wa omu 1, volti 4 zinabaki hapo hapo, na wati 16 zinageuka joto ndani ya kitu kidogo kuliko punje ya dengu. Hiyo ndiyo inayoyeyusha plastiki. Wahenga walisema mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi. Mita haikubeba mzigo wa mota, kwa hiyo iliona kila kitu ni chepesi.

Najua kuna atakayesema, "Mzee, mimi natumia taa ya kupimia, mita ni za wasomi." Basi kwa kazi hii umemshinda msomi, mradi taa yako ni ya balbu ya kweli. Balbu ya wati 21 inakula karibu ampea 2, na ikiwaka kwa unyonge pale ilipopaswa kung'aa, imekuambia ambacho mita iliyoning'inia hewani haikuweza kukuambia. Ila taa hiyo usiichomeke ovyo kwenye waya za kompyuta ya gari, na kwenye plagi za manjano za eabegi usiichomeke kabisa, wala mita usiipeleke huko. Eabegi ikilipuka usoni mwako ukiwa umeinamia usukani hutapata nafasi ya kuuliza swali.

Njia ninayoipenda kuliko zote ni kupima upotevu wa volti kwenye swichi yenyewe. Waya mmoja wa mita kwenye pini ya kuingilia, mwingine kwenye pini ya kutokea, swichi imewashwa, mota inazunguka. Ukisoma sehemu moja au mbili za kumi za volti, swichi ni nzima, iache. Ukipita nusu volti, ianze kukutia wasiwasi. Ukisoma volti 2, 3, 5, hukumu imekwisha, andika risiti. Kisha pima vivyo hivyo upande wa ethi, kutoka kwenye ganda la mota hadi ncha hasi ya betri, kwa sababu ethi yenye kutu inafanya waipa zijikokote kwa namna ileile, na haina mtetezi. Na angalieni, baadhi ya magari swichi haipeleki chanya, inapeleka ethi. Mota ina chanya muda wote na swichi ndiyo inayoifungia njia ya kurudi. Ukipima gari la hivyo ukidhani ni kama mengine utashangaa mpaka jioni.

Jambo jingine, na hili nalisema kila mahali hata wanaonialika wamelichoka: nafasi ya kuzima haizimi. Nani anaamini? Unapozima waipa zikiwa katikati ya kioo, hazisimami hapo, zinarudi chini kwanza. Nani anazirudisha? Ndani ya mota kuna kontakti inayozunguka na gia, inayoendelea kupeleka umeme mpaka mikono ya waipa ifike chini. Umeme huo, katika mfumo wa kawaida, unapitia kwenye swichi yako ikiwa kwenye nafasi ya kuzima, unaingia kwenye waya wa mwendo wa polepole, unarudi kwenye mota. Mikono ikifika chini, kontakti ile inabadilika na kuifunga mota kwenye ethi, nayo inajipiga breki yenyewe. Maana yake ni kwamba swichi ina kontakti ya kuzima, na kontakti hiyo inaungua kama zilizobaki. Gari ambalo waipa zinasimama popote unapozizima, watu wote wanakimbilia mota. Chomoa plagi ya swichi, weka mita kwenye omu, swichi ikiwa kwenye kuzima, upime kati ya pini ya polepole na pini ya kurudisha. Kama hakuna mawasiliano, mota yako haina kosa.

Na zisipozimika kabisa? Chomoa plagi ya swichi. Zikiendelea kupangusa huku plagi iko mkononi mwako, swichi inatokaje kwenye kesi? Inatoka hiyo hiyo sekunde. Tafuta rilei iliyoganda, ile swichi ndogo inayofungwa na kufunguliwa kwa umeme. Ile ya kusitasita ikikataa peke yake, anza na rilei yake, kisha kile kirungu cha kuongeza na kupunguza muda.

"Lakini nilipuliza dawa ya kusafishia kontakti ikapona." Ndiyo, ikipata uchafu inasafisha, na kama ni grisi iliyokauka tu huenda ikapona moja kwa moja. Kibati kilichoungua na plastiki iliyozama havisikii dawa. Mteja atarudi, na atarudi siku ya mvua.

Kubadilisha sasa, naona nahimizwa. Toa ncha hasi ya betri na usubiri dakika zile zilizoandikwa kwenye kitabu cha gari, eabegi ina umeme wake iliouhifadhi. Magurudumu ya mbele yanyooke. Kava za chini ya usukani zina skrubu kwa chini na vibanio pembeni, usizing'oe kwa hasira. Kwenye magari mengi swichi inatoka kwa skrubu mbili au kibanio, usukani ukiwa mahali pake. Gari likikulazimisha kutoa usukani, weka alama kwenye usukani na kwenye shafti, na ule utepe wa waya uliojiviringisha nyuma yake ubandike kwa tepu ya karatasi usizunguke hata kidogo. Ukiufunga ukiwa umehama katikati, siku dereva atakapokata kona mpaka mwisho utakatika, na honi na eabegi vitakwenda nao.

Linganisha swichi mpya na ya zamani, namba na idadi ya pini, kabla ya kuifunga. Tazama plagi nayo: kama plastiki yake imebadilika rangi, pini zake zimepoteza ukali wa kubana, na swichi mpya itaungulia humo humo. Halafu jiulize ya kwanza iliungua kwa nini. Tenganisha mota na vyuma vinavyosukuma mikono ya waipa, uvisogeze kwa mkono. Vikikwama, ndivyo vilivyokuwa vinailazimisha mota kula umeme mwingi. Ukifunga swichi mpya bila kulainisha hapo umeuza kontakti mpya za kuchoma.

Magari mapya nilikuwa nimeyatengea nusu ya muda, lakini ndiyo hivyo tena. Kwa kifupi, mengi swichi yake haibebi umeme wa mota kabisa. Inapeleka ishara ndogo kwenye kompyuta ya bodi, na kompyuta ndiyo inayoamuru mota. Huko upotevu wa volti kwenye swichi hautakuambia kitu. Chomeka skana, kifaa cha kusoma kompyuta ya gari, fungua data za moja kwa moja, chezesha swichi nafasi moja moja uone kama kompyuta inaiona kila nafasi. Ikiiona zote, acha swichi, fuata waya wa kwenda kwenye mota.

Kuna aliyeandika swali kuhusu waipa ya nyuma inayofanya kazi mlango ukiwa umefunguliwa na kukataa ukifungwa. Bwana, hiyo si swichi. Vuta ule mpira wenye mikunjo karibu na bawaba ya mlango wa nyuma, pinda waya mmoja mmoja kwa vidole. Utakaoona umelegea ndani ya ganda lake wakati ganda liko zima, shaba yake imeshakatika.