Senegal 2024: Mwaka Ulioamuliwa Februari

Ndugu watazamaji, wakubwa zangu shikamooni. Mnaoniuliza kuhusu mwaka 2024 hapa Senegal mara nyingi huanza na Bassirou Diomaye Faye, aliyetoka gerezani tarehe 14 Machi na siku kumi baadaye akashinda urais kwa asilimia 54.28 ya kura, bila duru ya pili. Habari hiyo ni tamu, lakini kwa maoni yangu mwaka ule uliamuliwa kabla ya hapo, mwezi Februari, na walioamua ni wajumbe saba wa Baraza la Katiba, mahakama inayosimamia masuala ya katiba na uchaguzi, chombo ambacho Januari kilikuwa kikilaumiwa huku na huku.

Kililaumiwa kwa sababu ndicho kilichomwengua Ousmane Sonko, kiongozi wa Pastef, chama cha upinzani ambacho Faye naye ni wake, na pia Karim Wade, mtoto wa rais wa zamani, kwa kuwa alikuwa bado na uraia wa Ufaransa alipowasilisha maombi yake. Chama cha Wade kikawatuhumu majaji wawili kwa rushwa, bunge likaunda kamati ya uchunguzi, na Rais Macky Sall akakipata kisingizio: tarehe 3 Februari, saa chache kabla ya kampeni kufunguliwa, alifuta amri yake iliyopanga uchaguzi wa tarehe 25. Siku mbili baadaye askari waliwatoa ukumbini wabunge wa upinzani, waliobaki wakapitisha kwa kura 105 dhidi ya moja kwamba uchaguzi usogezwe hadi tarehe 15 Desemba, na intaneti ya simu ikazimwa. Vijana waliuawa katika maandamano, mmoja wao mwanafunzi wa chuo kikuu huko Saint-Louis.

Tarehe 15 Februari Baraza lilibatilisha sheria hiyo pamoja na amri ya rais. Sall akaitisha mazungumzo ya kitaifa, yakapendekeza tarehe 2 Juni, miezi miwili baada ya muhula wake kwisha. Baraza likakataa tena, naye akatii. Hapo nampa haki yake, hata kama alitii kwa shingo upande, maana ng'ambo ya mipaka ya Senegal, huko Mali na Guinea, walitawala wanajeshi, na mwenye bunduki haulizi mahakama imesemaje. Uchaguzi ukafanyika tarehe 24 Machi, mgombea wa chama tawala, Amadou Ba, akampigia Faye simu ya pongezi hata kabla ya matokeo rasmi, na tarehe 2 Aprili Faye, mwenye umri wa miaka 44, akaapishwa na kumteua Sonko kuwa waziri mkuu.

Yaliyofuata yalikwenda mbio: mafuta ya Sangomar, eneo la baharini, yalianza kuchimbwa Juni, bunge likavunjwa Septemba, na Novemba Pastef ikanyakua viti 130 kati ya 165. Hata hivyo vijana waliendelea kupanda mitumbwi ya kwenda visiwa vya Canary vya Hispania, na mmoja ulipozama karibu na Mbour mwezi Septemba walikufa watu wasiopungua 39. Mwezi huohuo Sonko alitangaza kwamba serikali iliyopita ilificha ukubwa wa deni, na mkopo wa Shirika la Fedha la Kimataifa ukasimamishwa. Mahakama ya Hesabu, inayokagua fedha za serikali, ilithibitisha jambo hilo Februari 2025: kufikia mwisho wa 2023, deni lilikuwa karibu sawa na pato zima la taifa, kwa hiyo wale walioingia Ikulu kwa ahadi ya ajira walikuta hazina ambayo haikuwa na fedha za kuzilipia.