Hewa Inayosafiri: Mhadhara kwa Walimu wa Jiografia

Walimu wenzangu, wanafunzi, asanteni kwa kuja. Naingia moja kwa moja kwenye jambo, maana nimelisema mara nyingi na bado nikiingia madarasani silikuti.

Muulize mwanafunzi wa kidato cha nne tabianchi ya Cape Town. Atakujibu bila kusita: ni ya Mediterania, kiangazi kikavu chenye joto, majira ya baridi yenye mvua. Mpe alama zake. Kisha muulize hiyo mvua ya Julai inatoka wapi, inakaa siku ngapi, na ikishapita kunakuwaje. Atakutazama tu. Jedwali la tabianchi analo kichwani, lakini hewa yenyewe hajawahi kuonyeshwa inavyokwenda. Kosa si lake, ni letu sisi tunaomfundisha.

Ninachodai ni hiki: katika latitudo za kati, yaani takriban kati ya nyuzi 30 na 60, kaskazini na kusini mwa ikweta, hali ya hewa inasafiri. Mvua ya leo ya Cape Town juzi ilikuwa juu ya Atlantiki. Kesho itakuwa Gqeberha, mji uliokuwa ukiitwa Port Elizabeth, keshokutwa pengine Durban. Usipoanza na safari hiyo, yote utakayofundisha baadaye yatakuwa ya kukariri.

Najua kwa nini jambo hili ni gumu kwetu. Sisi wa mwambao huu tumezoea pepo zenye miadi. Kaskazi inakuja na mwisho wa mwaka, kusi inashika zamu baada ya masika, na manahodha walipanga safari za Muscat na kurudi kwa kutegemea miadi hiyo. Upepo ukishaingia, umeingia kwa miezi. Kwenye latitudo za kati pepo kuu zinatoka magharibi mwaka mzima, lakini ndani ya pepo hizo kuna tufani zinazofuatana, yaani dhoruba zinazozunguka kitovu cha mgandamizo mdogo wa hewa, na mtu aliyesimama mahali pamoja anaweza kuona upepo umegeuka kutoka kaskazini-magharibi hadi kusini-magharibi kabla hajamaliza chakula cha mchana. Mwanafunzi wa Tanga au Mtwara hana sababu ya kulijua hilo asipoambiwa.

Chukueni atlasi. Tafuteni mji wa Winnipeg, Kanada. Halafu tafuteni visiwa vya Scilly, kusini-magharibi mwa Uingereza. Vyote viko karibu kabisa na nyuzi 50 kaskazini. Jua linachomoza kwao kwa pembe ileile, Desemba wana mchana wa takriban saa 8, na Juni wa takriban saa 16. Winnipeg wastani wa Januari ni kama nyuzi 16 chini ya sifuri. Scilly ni kama nyuzi 8 juu ya sifuri, na wakulima wake wanavuna maua ya shambani katikati ya majira ya baridi na kuyapeleka sokoni. Kama tabianchi ingekuwa ni suala la latitudo na jua tu, tofauti hiyo ingetoka wapi?

Hapa daima kuna mtu anayenyoosha mkono na kusema: Mkondo wa Ghuba, ule mkondo wa maji ya joto wa Atlantiki. Sawa, bahari ya Atlantiki inabeba joto, sikatai. Lakini twende Vladivostok, bandari ya Urusi kwenye nyuzi 43, karibu sawa na Nice ya Ufaransa. Vladivostok iko baharini kabisa, na bado Januari yake ina wastani wa nyuzi 12 hivi chini ya sifuri, na meli zinahitaji vyombo vya kuvunja barafu. Bahari ipo mlangoni lakini haisaidii, kwa sababu wakati huo upepo unatoka bara, unatoka Siberia. Kwa hiyo swali la kwanza kwa mahali popote pa latitudo za kati liwe hili: upepo wake umepita juu ya nini kabla ya kufika? Ukishalijibu, nusu ya jedwali unaweza kuiandika mwenyewe bila kitabu.

Sasa niwaeleze ya Bergen. Mlionisikia mahali pengine mtanivumilia, maana mimi naamini hiki ndicho kisa ambacho kila mwalimu wa jiografia angepaswa kuanza nacho.

Mwaka 1917, vita kuu ya kwanza ikiendelea, mwanasayansi Vilhelm Bjerknes aliondoka Leipzig, Ujerumani, akahamia Bergen, mji wa wavuvi na mvua nyingi magharibi mwa Norway. Norway haikuwa vitani, lakini ilibanwa. Chakula cha kuagiza kilikuwa kimepungua, kwa hiyo mkulima na mvuvi wa nyumbani walihitaji kujua hali ya hewa kuliko wakati wowote. Na hapo hapo taarifa za hali ya hewa kutoka Uingereza zilikatika, kwa kuwa zilikuwa zimegeuka siri ya vita. Hebu fikirieni maana yake. Hewa yao inatoka magharibi. Jirani wa magharibi ndiye anayeiona mvua yako kabla yako. Na jirani huyo amenyamaza.

Bjerknes akafanya nini? Akaishawishi serikali impe vituo vingi ndani ya nchi yenyewe. Katika kiangazi cha 1918 pwani yote ya magharibi ikajazwa watazamaji: watu wa visiwani, watu wa mabondeni, wanaosoma upepo, joto, mawingu na mgandamizo wa hewa na kutuma taarifa Bergen. Pale ambapo zamani ramani ilikuwa na nukta chache zilizotawanyika, sasa nukta zilikaribiana. Na zilipokaribiana, kijana wake Jacob, ambaye hata miaka 21 alikuwa hajafikisha kiangazi hicho, akaona kitu ambacho kwenye ramani za nukta chache kilikuwa hakionekani. Mabadiliko ya upepo na joto hayakuwa yametapakaa ovyo. Yalijipanga kwenye mistari. Upande mmoja wa mstari hewa ya uvuguvugu iliyotoka kusini, upande wa pili hewa baridi ya kutoka ncha ya dunia, na mvua imejipanga kuufuata mstari huo.

Mwaka 1919 Jacob alichapisha makala fupi kuhusu umbo la tufani zinazosafiri. Mistari ile wakaiita fronti, kama mistari ya majeshi yaliyokuwa yakikabiliana Ulaya miaka hiyo. Hewa baridi, kwa kuwa ni nzito, inajipenyeza chini ya hewa ya joto na kuiinua juu. Ile ya joto ikipanda inapoa, mvuke unageuka mawingu, mvua inashuka. Kwa kuwa dunia inazunguka, hewa hizo mbili zikigongana hazitulii, zinaviringishana kuzunguka kitovu cha mgandamizo mdogo, na kitovu chote kinasukumwa mashariki na mkondo wa upepo mkali ulioko kama kilomita 10 juu, upepo ambao unaweza kupita kilomita 200 kwa saa. Tangu hapo kila utabiri wa latitudo za kati umesimama juu ya ugunduzi uliotokana na watu wa kawaida wa pwani waliokubali kutazama anga na kuandika walichokiona, kwa wakati uliopangwa. Ninasisitiza hilo kwa sababu shule zetu nyingi zina kipimamvua kilichoota kutu nyuma ya darasa.

Na tufani hizo zina kazi. Tropiki inapokea joto la jua kuliko inavyopoteza, ncha za dunia zinapoteza kuliko zinavyopokea. Lazima joto lihamishwe. Sehemu kubwa ya kazi hiyo, katika latitudo za kati, inafanywa na tufani zenyewe: hewa ya joto inavutwa kuelekea ncha, hewa baridi inashushwa kuelekea ikweta. Mwanafunzi akilielewa hilo, hatashangaa tena kwamba zina nguvu zaidi majira ya baridi, wakati tofauti ya joto kati ya ncha na tropiki ni kubwa zaidi.

Rudini Cape Town mkiwa na haya kichwani. Siku ya Julai, kabla ya fronti, upepo wa kaskazini-magharibi unaongezeka na kipimo cha mgandamizo kinashuka. Kwenye baadhi ya sehemu za pwani hewa inayoteremka kutoka uwanda wa juu inapashwa joto kiasi kwamba unaweza kupata nyuzi 30 katikati ya majira ya baridi. Halafu mstari unafika. Mvua, upepo unageuka kusini-magharibi, joto linaporomoka, mgandamizo unapanda, na milima ya bara inaweza kupata theluji. Siku moja au mbili anga safi na baridi. Kisha fronti nyingine inakuja. Kiangazi mstari wa tufani unasogea kusini, mgandamizo mkubwa wa juu ya bahari unatanda, na mvua zinapita mbali. Hiyo ndiyo Mediterania ya kitabuni.

Mwingine ananiambia: mwalimu, haya ni ya wenzetu, sisi tuko ikweta. Kwanza, Cape Town, Tunis na Algiers ziko Afrika. Pili, someni tabiri za msimu za Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania. Mtakuta humo migandamizo mikubwa ya Siberia, ya Azores na St. Helena kwenye Atlantiki, na ya Mascarene kwenye Bahari ya Hindi. Mnadhani imewekwa kwa mapambo? Fronti inapopita kusini mwa Afrika, mgandamizo mkubwa unaoifuata nyuma unasukuma hewa baridi kupandisha Mlango wa Msumbiji, na wakati mwingine baridi ya Juni na Julai kwetu kusini inaongezewa nguvu na msukumo huo. Mtoto wa Makete, kwenye nyanda za juu za kusini, anayetetemeka asubuhi ana haki ya kujua hilo.

Kuhusu wastani nitasema haraka. Spearfish, Dakota Kusini, Marekani, tarehe 22 Januari 1943, joto lilipanda kutoka nyuzi 20 chini ya sifuri hadi nyuzi 7 juu yake ndani ya dakika 2. Browning, Montana, mwaka 1916, lilishuka kutoka karibu nyuzi 7 hadi 49 chini ya sifuri ndani ya saa 24. Ukichukua wastani wa siku ile ya Browning unapata takriban nyuzi 21 chini ya sifuri, ambayo haimwambii mfugaji chochote kuhusu kilichowapata ng'ombe wake.

Nilikuwa na sehemu ndefu kuhusu maafa, lakini saa inanikimbiza. Safari hiyo ya hewa inaweza kukwama au kukatika. Tufani zikipita kusini mno mwaka hadi mwaka, mnapata ukame wa Cape Town wa 2015 hadi 2017, na kuanzia Februari 2018 kila mkazi akapangiwa lita 50 za maji kwa siku. Kitovu cha mgandamizo mdogo kikikatika kutoka kwenye mkondo wa pepo za magharibi, kinakaa palepale kikimwaga mvua: ndivyo ilivyokuwa Durban na KwaZulu-Natal Aprili 2022, watu zaidi ya 400 wakafa. Na Septemba 2023 tufani iliyojengeka karibu na Ugiriki, ikanywa joto la Mediterania, ikaingia Libya. Al-Bayda ilipata milimita 414 ndani ya siku moja, na usiku wa kuamkia tarehe 11 mabwawa mawili ya juu ya Derna yakavunjika. Maelfu ya watu walikufa. Yote haya ni bara letu, na hakuna hata moja linaloelezeka kwa jedwali la kiangazi kikavu na majira ya baridi yenye mvua.

Mabadiliko ya tabianchi na mawimbi ya Rossby, yaani mapindo makubwa ya pepo za magharibi zilizoko juu, sitayafikia leo. Walimu, kabla hamjafundisha tena mada hii, chukueni ramani za mgandamizo za kusini mwa Afrika za siku nne mfululizo, zibandikeni ukutani kwa mpangilio, mwacheni mwanafunzi afuate fronti moja kwa kidole kutoka Atlantiki hadi Durban, aseme mwenyewe kesho itafika wapi, na siku ya tano mlete ramani ya kumsahihisha. Jedwali lije baada ya hapo. Sasa karibuni kwa maswali, na tuanze na wanafunzi.